Deni na Mipaka ya Mwenye Kudai

Sifa zote njema ni za Mwenyezi Mungu, na rehema na amani zimshukie Mtume wetu Muhammad, jamaa zake na masahaba zake. Ammaa baad.

Ndugu Waislamu, kulipa deni ni wajibu, na mwenye uwezo anayechelewesha kwa makusudi ni dhalimu. Hilo twalijua sote. Na riba nayo ina khutba yake. Leo twasema juu ya upande unaotajwa kwa nadra, yaani mipaka ya anayedai. Aya ya 280 ya Suratul Baqara yatuagiza tumpe muhula mdaiwa aliyebanwa na dhiki, na sheria za nchi yetu nazo hazikumwachia mdai afanye apendavyo.

Hapa kwetu Mbeya na Iringa mkulima hukopa kabla ya mvua, anunue mbolea ya mahindi au mbegu ya viazi, na nyumba yake akaiweka rehani. Bei ikianguka wakati wa mavuno, barua ya benki humkuta mikono mitupu. Wengi huificha barua hiyo chini ya godoro kwa haya, na hapo ndipo wanapojidhulumu, kwani barua hiyo ndiyo kinga yao ya kwanza. Kwa Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999, kama ilivyorekebishwa mwaka 2008, benki haiuzi rehani mpaka imempa mdaiwa notisi ya maandishi yenye kueleza kosa lake, kiasi anachopaswa kulipa, na muda wa siku 60 wa kulipa.

Mnada nao hautangazwi leo ukafanyika kesho. Ardhi haiuzwi kabla ya tangazo la siku 14 zisizopungua, lililoandikwa kwa Kiswahili pia, na kutolewa kwa njia ambayo hata asiyejua kusoma ataielewa. Benki yawajibika kutafuta bei nzuri kadiri inavyopatikana. Ikiuza kwa asilimia 25 au zaidi chini ya bei ya soko, yachukuliwa kuwa imekiuka wajibu huo hadi ithibitishe vinginevyo.

Nyumba ya ndoa haiwi rehani halali bila mwenzi kuridhia kwa sahihi yake. Enyi waume, msiwapelekee wake zenu karatasi usiku wa manane mkawaambia, "Tia sahihi hapa tu."

Na pale mahakama inapokamata mali kutekeleza hukumu ya deni, nguo za lazima, vyombo vya kupikia, vitanda na matandiko havikamatwi. Wala zana za fundi, wala jembe la mkulima na mbegu zake za kumwezesha kuishi.

Basi mwenye barua na aifungue, aende benki siku zile 60 hazijaisha, aombe mpango mpya wa malipo. Akiona sheria imekiukwa, alikimbilie Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya kabla ya siku ya mnada. Nyundo ikishagonga, mnunuzi mwenye nia njema hulindwa na sheria, na aliyedhulumiwa hubaki kudai fidia, nyumba imekwisha kwenda.

Wabillahi tawfiq.