Mbolea Shambani, Gesi Angani

Msikilizaji, joto la dunia likitajwa, lawama huangukia hewa ya ukaa. Leo tuitazame gesi nyingine, naitrasi oksaidi, ile ambayo madaktari wa meno huwatuliza nayo wagonjwa na wengi huiita gesi ya kuchekesha.

Molekuli yake ina atomu tatu kwenye mstari mmoja: naitrojeni mbili, na oksijeni pembeni. Zimeshikana kwa nguvu, kwa hiyo gesi hii haivunjiki kwa urahisi huku chini. Hapo ndipo penye kazi. Hukaa angani zaidi ya miaka 100, na kwa kipimo cha karne moja, kilo yake moja hupasha dunia joto mara 273 kuliko kilo ya hewa ya ukaa. Huko juu kabisa, jua huivunja, na baadhi ya mabaki yake hula ozoni.

Sasa, inakuhusuje wewe mkulima? Mbolea ya urea ambayo mahindi hayakuifyonza, bakteria wa udongoni huibadilisha, na sehemu yake huwa gesi hii.

Wapo wanaosema mbolea ipunguzwe. Lakini tukumbuke, Abuja mwaka 2006 viongozi wa Afrika waliahidi kilo 50 za virutubisho kwa hekta ifikapo 2015, na bara kwa jumla halikufika. Kumwambia mkulima wetu apunguze asichokuwa nacho ni dhihaka. Hata hivyo, kuimwaga mbolea yote kabla ya mvua kubwa ni hasara, ya mfukoni na ya angani.

Je, ruzuku ya mbolea ifike pamoja na bwana shamba wa kumwonyesha mkulima wakati wa kuitia, au mfuko wa mbolea peke yake unatosha?