KUHESABIWA KWA UTUMISHI WA ZAMANI
(Maneno yaliyosemwa mbele ya wanachama, Akheri)



Tumeombwa kusema juu ya jambo liwagusalo walimu wa vyuo vikuu, nalo latugusa sisi makarani vilevile: mtu akihama kazi, je, miaka aliyotumika huko alikotoka huhesabiwa? Hapa Akheri swali hili si la mbali. Tengeru ni jirani yetu, nako kuna Taasisi ya Nelson Mandela, na chuo cha mifugo, na chuo cha maendeleo ya jamii. Watu hutoka huku wakaingia kule, na kila ahamaye hutumaini kwamba miaka yake itamfuata.

Kwa mwalimu wa chuo kikuu hasara yaweza kuwa kubwa. Hupanda kutoka mhadhiri msaidizi hata mhadhiri, kisha mhadhiri mwandamizi, profesa mshiriki na profesa, kwa maandiko aliyoyachapisha na kwa miaka aliyokaa katika cheo. Miaka minne ikifutwa, huenda akajikuta nyuma ya wale aliowafundisha. Na mshahara hufuata cheo, na pensheni hufuata mshahara.

Nchini India mashauri ya namna hii yamefika mahakamani mara nyingi. Kanuni za Tume ya Vyuo Vikuu ya huko, za mwaka 2018, zakubali utumishi wa zamani uhesabiwe kwa masharti: sifa za kazi ya kwanza zisiwe pungufu ya zile zitakiwazo, cheo na mshahara viwe vya daraja moja, na mtu awe aliajiriwa kwa utaratibu halali wa uchaguzi. Wala haitazamwi kama chuo kilikuwa cha Serikali au cha watu binafsi. Masharti hayo yote huthibitishwa kwa karatasi.

Lakini somo kubwa liko karibu nasi, mjini Arusha. Jumuiya ya kwanza ya Afrika Mashariki, iliyokuwa na makao yake makuu hapo, ilivunjika mwaka 1977, na watumishi wake wengi wakabaki wakidai haki zao. Tarehe 14 Mei 1984 Kenya, Uganda na Tanzania zilitia sahihi Mapatano mjini Arusha, na kila Serikali ikajifunga kuwalipa raia wake pensheni za utumishi wa kabla ya mgawanyo. Hata hivyo madai hayakwisha. Mwaka 2010 Wakenya 749 walipeleka shauri lao katika Mahakama ya Haki ya Afrika Mashariki, papo hapo Arusha. Shauri lilikataliwa, na mwaka 2012 rufani yao pia ilikataliwa. Kwa kuwa Mkataba wa Jumuiya mpya ulianza kutumika Julai 2000, nao haurudi nyuma kuhukumu mambo yaliyotangulia. Mahakama haikuamua kwamba watu wale hawakutumika. Ilitazama tarehe.

Basi, ndugu zetu, miaka ya mtu hulindwa siku ile ahamapo. Akingoja mpaka siku ya kustaafu, amechelewa.

Kwanza, kabla ya kukubali kazi mpya, na aombe barua isemayo wazi ni miaka mingapi itahesabiwa, na kwa jambo gani: kupanda cheo, au likizo, au pensheni. Ahadi ya mdomo haina faili.

Pili, atokaye chuo cha watu binafsi kwenda cha Serikali hutoka NSSF akaingia PSSSF. Sheria ya PSSSF ya mwaka 2018 hutaka michango ya miezi 180 ili mtu apate pensheni ya kila mwezi. Na aulize mapema miezi yake ya zamani itaunganishwaje.

Tatu, akidhulumiwa, asikimbilie mahakamani moja kwa moja. Kifungu cha 32A cha Sheria ya Utumishi wa Umma, kilichoongezwa mwaka 2016, humtaka mtumishi wa umma amalize kwanza njia za malalamiko zilizomo katika sheria hiyo.

Na sisi makarani tuna wajibu wetu. Faili la mwenzetu limo mikononi mwetu. Barua ya uteuzi ikipotea kwa uzembe wetu, hakimu hataiona, na miaka ya mtu itakuwa kana kwamba haikuwapo. Tuyatunze mafaili hayo kama tunavyotaka ya kwetu yatunzwe.