Safari ya Siku Moja kwa Ndege: Kutoka Aswan Hadi Abu Simbel

Kusini mwa Burundi, katika milima ya Rutovu, iko piramidi ndogo ya mawe iliyosimamishwa mwaka 1938. Aliyeisimamisha ni Burkhart Waldecker, Mjerumani aliyeifuata mito kuelekea juu, mmoja baada ya mwingine, hata akafika penye chemchemi ambayo mtu aweza kuivuka kwa hatua moja, naye akaihesabu kuwa ndiyo chanzo cha Nile kilicho kusini kupita vyote. Mgeni anayepelekwa huko huuliza piramidi imefuata nini milimani, mbali namna ile na Misri. Jibu liko upande wa pili wa maji hayo hayo, na ndiko hotuba hii inakoelekea.

Chemchemi ile huingia Ruvyironza, na Ruvyironza huingia Ruvubu, na Ruvubu huingia Kagera, na Kagera hujimwaga katika Ziwa Viktoria. Kutoka Jinja maji hushuka mpaka Sudani. Kiasi cha nusu yake hupotea kwa jua na majani katika vinamasi vya Sudd. Yaliyosalia hukutana na Nile ya Buluu pale Khartoum, na mwisho husimama nyuma ya boma kubwa la Aswan. Mtu wa Burundi asijivune mno, maana kiasi cha sehemu 85 katika kila 100 za maji yanayofika Misri hutoka Uhabeshi. Hata hivyo kidogo chake kimo, na anayeruka juu ya ziwa lile anaruka juu ya maji ambayo baadhi yake yalipita mlangoni pa nyumba za Rutovu.

Safari yenyewe ni ya siku moja, tena si siku nzima. Mwenye kampuni ya safari humfuata msafiri hotelini Aswan kabla ya jua kuchomoza, akampa kifurushi cha mkate na mayai ya kuchemsha, akampeleka uwanja wa ndege. Kwa gari njia ni kiasi cha kilomita 280 jangwani, mwendo wa saa tatu na zaidi; kwa ndege haifiki saa moja. Ndege zenyewe aghalabu huwasubiri abiria wake huko huko, nao hupewa kama saa mbili za kutazama, kisha hurudishwa. Wenye kujua huomba kiti cha upande wa kushoto, kwani rubani akishuka, sanamu huonekana ukingoni mwa maji, ndogo mfano wa vinyago juu ya meza.

Kabla ya hapo hakuna cha kuona ila rangi mbili. Mchanga, na buluu ya ziwa. Ziwa hili urefu wake ni kiasi cha kilomita 500. Wamisri huliita Ziwa Nasser, na sehemu iliyo Sudani huitwa Ziwa la Nubia. Kingo zake zimekatika-katika na kuingia jangwani kama vidole. Mti haupo wala shamba halipo, na msafiri asiyejua habari hudhani kwamba pwani ile haikupata kukaliwa na mtu tangu dunia kuumbwa. Jambo hili litarudiwa mbele.

Wakishuka, wageni huongozwa kwa njia inayozunguka kilima. Kwa nyuma ni kilima cha kawaida, hata wengine hunung'unika kwamba wamelipa pesa nyingi kuja kutazama lundo la mawe. Kisha njia hupinda, ziwa likatokea, na ukigeuka kuangalia ulikotoka wafalme wanne wameketi mbele yako, kila mmoja na urefu wa kiasi cha meta 20. Wote wanne ni mtu mmoja: Ramses wa Pili, aliyetawala Misri miaka 66, tangu 1279 hata 1213 kabla ya kuzaliwa Nabii Isa. Wa pili kutoka kushoto amevunjika. Tetemeko la ardhi lilimwangusha zamani sana, na kichwa chake kimelala miguuni pake. Mama, mke na watoto wa mfalme wamesimama baina ya miguu ya sanamu, nao hawafiki magotini. Hatua chache kando liko hekalu dogo la malkia Nefertari, lenye sanamu sita zilizosimama, nne za mfalme na mbili za malkia. Na hapo malkia amepewa kimo sawa na mumewe, jambo lililokuwa adimu katika kazi za Wamisri.

Viongozi hawaruhusiwi kuhutubia ndani ya hekalu, kwa sababu ya msongamano. Basi humweleza mgeni yote nje, kwenye jua, kwa picha zilizobandikwa kitabuni, kisha humwachia aingie peke yake. Utaratibu huu una manufaa yake. Ndani pana kimya kuliko inavyotazamiwa, na mtu huzitazama kuta kwa akili yake mwenyewe. Ukutani pamechorwa vita vya Kadesh, ambamo Ramses, peke yake garini, anawatawanya Wahiti kama kuku. Wenye kusoma historia husema kwamba vita vile, vya kiasi cha mwaka 1274 kabla ya Isa, havikuwa na mshindi dhahiri, na kwamba miaka kama 15 baadaye Misri na Wahiti waliandikiana mkataba wa amani. Kuta hazilitaji hilo.

Mwisho kabisa wa hekalu, meta 60 hivi ndani ya mwamba, wameketi wanne gizani: Ptah, Amun, Ramses mwenyewe aliyejitia katika hesabu ya miungu, na Ra-Horakhty. Mara mbili kwa mwaka, tarehe 22 Februari na 22 Oktoba, jua la asubuhi hupenya mlangoni likafika mpaka kwao na kuwaangaza, isipokuwa Ptah, aliyehusishwa na ulimwengu wa chini, ambaye hubaki kivulini.

Hapa kila Mwislamu huuliza, na viongozi wamekwisha kuzoea swali hilo: je, huyu ndiye Firauni wa Nabii Musa? Wako wanaosema ndiye, na wako wanaomtaja mwanawe Merneptah, au mwingine kabisa. Kurani haikutaja jina la mfalme yule, na wanahistoria hawajaafikiana. Mwili wa Ramses uko Cairo. Mwaka 1976 ulipelekwa Paris kutibiwa kuvu, na tangu 2021 umewekwa katika jumba la makumbusho lililoko Fustat, mji uliojengwa na Amr bin al-As.

Basi ziwa hili lilipatikanaje, na hekalu la kando ya mto limefikaje juu ya kilima? Ujenzi wa boma kubwa la Aswan ulianza mwaka 1960 ukamalizika 1970. Misri ilihitaji umeme, na ilihitaji maji ya kiangazi kwa watu waliokuwa wakiongezeka kila mwaka. Haja hiyo ilikuwa ya haki, na hakuna aliyeishi na njaa awezaye kuibeza. Lakini maji yangeyameza mahekalu. Tarehe 8 Machi 1960 Shirika la Unesco liliita dunia nzima kusaidia, na mataifa kama 50 yakaitika. Kati ya 1964 na 1968 mafundi waliyakata mahekalu mawili ya Abu Simbel kuwa vipande zaidi ya 1,000, vingine vya tani 30, wakavipandisha meta 65 juu na kuvirudisha nyuma kiasi cha meta 200. Penye uso wa sanamu walikata kwa misumeno ya mkono ili alama isionekane. Kilima kile wageni wanachokizunguka si kilima: ndani yake ni kuba ya zege iliyofunikwa kwa mawe. Kichwa kilichoanguka walikirudisha chini vile vile kilivyokuwa kimelala. Gharama ilikuwa kiasi cha dola milioni 40.

Mawe mengine yalipewa nchi zilizosaidia. Hekalu la Dendur likaenda New York, la Debod likaenda Madrid, la Taffeh likaenda Leiden, la Ellesyia likaenda Turin. Tuseme mawe yalipata pasipoti.

Mara nyingi habari huishia hapo, mgeni akapiga makofi, wakaenda kunywa chai. Lakini kiongozi akiwa Mnubi, huendelea kidogo, tena kwa sauti ya chini.

Kwani pwani ile tupu haikuwa tupu. Nchi ya Wanubi ilianza Aswan ikapita mpaka ndani ya Sudani, kijiji baada ya kijiji, nyumba za udongo zimepakwa chokaa na kuta zimepambwa kwa sahani zilizopachikwa juu ya milango, mitende imepangwa kando ya mto. Lugha yao ni ya kale kuliko Kiarabu katika bonde lile. Walikuwa Wakristo kwa karne nyingi, kisha Uislamu ukaingia kwa taratibu. Katika mji wa Dongola liko jumba la wafalme lililogeuzwa msikiti mwaka 1317. (Wasichanganywe na Wanubi wa Bombo na Kibera, ambao wazee wao walikuwa askari waliotoka Sudani, na Kinubi chao ni tawi la Kiarabu. Jina ni moja, nasaba na lugha ni mbali.) Na ni hawa waliokusudiwa na Ramses alipochonga sanamu zake: apandaye mto na ashukaye wamwone bwana wao, dhahabu ya nchi yao iende kaskazini.

Boma la kwanza la Aswan, la mwaka 1902, liliongezwa kimo 1912 na tena 1933, na kila mara Wanubi walihamisha nyumba zao juu zaidi. Mara hii ya mwisho hapakuwa na juu pa kwenda. Mwaka 1963 na 1964 Wanubi wa Misri kiasi cha 50,000 walipakiwa katika mashua na magari, wakapelekwa karibu na Kom Ombo, kaskazini mwa Aswan. Upande wa Sudani watu kama idadi hiyo walitolewa Wadi Halfa na vijiji vyake, wakapelekwa kwa gari moshi Khashm el-Girba, kwenye mto Atbara, nchi ya mvua na radi wasizozizoea. Kabla ya kuondoka walikwenda makaburini kuwasomea maiti wao, kwa kuwa wafu hawakuwa katika orodha ya wanaosafirishwa. Bwana Hassan Dafalla, aliyekuwa mtawala wa wilaya ya Wadi Halfa na mwenye amri ya kuwahamisha, aliandika kitabu kizima juu ya siku zile, na msomaji haoni ndani yake mtu aliyefurahia kazi yake.

Nyumba mpya za Kom Ombo zilipangwa kwa mistari, mbali na mto, na nyingi hazikuwa tayari. Watoto wachanga na wazee wengi walikufa katika kipindi cha mwanzo. Vijiji vilipewa majina yale yale ya zamani, Ballana, Toshka, Abu Simbel, ili mtu akiulizwa atokako aweze kujibu. Baadhi ya watu wa Wadi Halfa walikataa kabisa. Maji yalipopanda walihamisha vibanda vyao, yakapanda tena wakahamisha tena, mpaka maji yakachoka, na mji wao uko hata leo. Katiba ya Misri ya mwaka 2014, kifungu cha 236, iliahidi kuwarudisha Wanubi katika sehemu zao za asili ndani ya miaka 10. Miaka hiyo ilitimia 2024, na walio wengi wangali wamo katika vijiji vya mistari.

Hakuna aliyesema kwamba mahekalu yangeachwa yazame. Wanubi wenyewe hawasemi hivyo. Wengi wao hula riziki kwa wageni wanaokuja kuyatazama. Wanalouliza ni hesabu tu: jiwe lilipimwa, likaandikwa nambari, likarudishwa mahali pake kwa usahihi wa kushangaza, hata jua likaendelea kuingia mpaka ndani. Msikiti wa kijiji na mtende uliopandwa na babu, nani aliviandika nambari?

Saa nne asubuhi joto huwa kali, na wenye kofia huonekana kuwa wenye akili kuliko wenzao. Wageni hurudi kwa njia ile ile ya nyuma ya kilima, hupita baina ya wauzaji wa shali na vikapu, hupanda basi, na kabla ya adhuhuri ndege hugeuza pua kaskazini. Safari hii ziwa huwa upande wa kulia. Maji ni mengi na yametulia, na kutoka juu hayaonyeshi kitu.