MNYAMA SAFARINI: KICHEFUCHEFU CHA BAHARI NA MARADHI YA HATARI




Vyombo vinavyokwenda baina ya Unguja, Pemba na Tanzania Bara huchukua watu pamoja na wanyama wao. Mnyama naye hulevywa na bahari kama alevywavyo binadamu: hutokwa na mate mengi, huhangaika, hulia na kutapika.

Inafaa, basi, mwenye paka au mbwa asimlishe kwa saa chache kabla ya safari, ila maji asimnyime. Tundu liwe na hewa ya kutosha, likae kivulini, mbali na joto la mashine. Dawa za binadamu asimpe kabisa. Kidonge kimoja tu cha parasetamoli chaweza kumuua paka.

Kichefuchefu hutulia baada ya kushuka nchi kavu. Iwapo mate yanaendelea kumtoka, akashindwa kumeza, sauti ikabadilika, akawa mkali pasipo sababu, au viungo vikapooza, ichukuliwe kuwa huenda ni kichaa cha mbwa, ambacho paka pia hukipata. Asiguswe. Abakishwe ndani ya tundu na daktari wa mifugo aarifiwe mara moja. Aliyeumwa au kukwaruzwa aoshe jeraha kwa sabuni na maji yanayotiririka kwa muda wa dakika 15, kisha aende hospitali siku hiyo hiyo akapate chanjo. Dalili zikishamdhihirikia binadamu, kupona ni nadra mno.

Kisiwa cha Pemba kimelijua jambo hili. Kazi ya miaka kadhaa ya kuchanja mbwa iliyakomesha maradhi hayo mwaka 2014. Mwaka 2016 yakazuka tena, baada ya kuvushwa baharini pamoja na wanyama, na ikalazimu mbwa wachanjwe upya hadi yakakomeshwa mwaka 2018. Bahari ni ngome ya kisiwa. Lakini apakiaye chomboni mnyama asiyechanjwa ndiye aufunguaye mlango wa ngome hiyo.

Kwa hivyo, kila mwenye mnyama anahimizwa:

1. Amchanje wiki kadhaa kabla ya safari, kwani kinga haijengeki kwa siku moja.
2. Ampeleke kwa daktari wa mifugo akachunguzwe, na achukue cheti.
3. Asimsafirishe mnyama mgonjwa, wala asimfiche kwa kukhofia kuzuiliwa bandarini.

Mnyama hana ulimi wa kujieleza. Amana yake imo mikononi mwa mwenyewe, na usalama wa jirani umo humo humo.