Ngumi Juu ya Barafu

(Hotuba iliyotolewa na mmoja wa wanafunzi wa zamani baada ya chakula cha jioni, siku ya mkutano wetu wa mwaka.)



Katibu aliponiandikia niseme machache, alinionya nisihubiri. Basi nitazungumza juu ya michezo. Mchezo wenyewe wengi wenu hamjauona: ni mpira wa magongo unaochezwa juu ya barafu.

Nilikwenda masomoni Kanada mwaka 1983, katika mji wa Edmonton. Huko mchezo huu hupendwa kama kandanda ipendwavyo kwetu. Kila timu huwa na golikipa na wachezaji watano uwanjani. Huvaa viatu vyenye vyuma vya kutelezea, nao hugombea kisahani cheusi cha mpira mgumu. Mbio zao ni za ajabu, na kugongana kwa mabega kumeruhusiwa.

Siku ya kwanza nilipopelekwa uwanjani, wachezaji wawili walitupa chini magongo na glavu, wakakamatana fulana, wakaanza kutwangana ngumi. Nikangoja waamuzi waamue ugomvi. Waamuzi wakasimama kando, wakitazama! Watu wote wakainuka wakishangilia. Mmoja alipoanguka ndipo walipotenganishwa, wakakalishwa kizimbani dakika tano, kisha wakarudi kucheza.

Mwenyeji wangu alinieleza kwamba hiyo ndiyo sheria. Ligi yao kuu, NHL, ilianzishwa mwaka 1917, na mwaka 1922 iliandika kwamba mpiganaji apewe dakika tano badala ya kutolewa mchezoni. Na kwa kuwa wote wawili wameadhibiwa, kila timu huingiza mtu mwingine, idadi ikabaki ile ile. Vijana, iangalieni hesabu hiyo vizuri: timu haipungukiwi na kitu.

Nilipouliza faida ya ngumi hizo, nilipewa jibu tayari. Edmonton walikuwa na Wayne Gretzky, fundi asiye na mwili mkubwa. Pamoja naye alicheza Dave Semenko, pande la mtu. Aliyemchezea Gretzky vibaya alijua atakutana na Semenko. Wakasema pia kwamba ngumi zikikatazwa, watu watapigana kwa magongo, na hilo ni baya zaidi. Tena walinikumbusha timu ya Philadelphia, iliyotwaa ubingwa mwaka 1974 na 1975 kwa ubabe. Dave Schultz wa timu hiyo alipata dakika 472 za adhabu katika msimu wa 1974–75, na rekodi hiyo haijavunjwa mpaka leo.

Hoja hizo si za kupuuzwa, nami niliziamini kwa miaka mingi. Lakini katika Olimpiki mpiganaji hutolewa nje, na mchezo unanoga vile vile. Hata katika NHL yenyewe, mechi za mwisho za kugombea kombe zikianza, ngumi hupungua. Kocha anayetaka kombe huwatafuta wanaojua kucheza. Na ile hofu ya magongo? Mwezi Februari mwaka 2000, Marty McSorley, ambaye naye aliwahi kuwa mlinzi wa Gretzky, alimpiga Donald Brashear kichwani kwa gongo, na mahakama ikamtia hatiani. Wawili hao walikuwa wamekwisha kupigana ngumi mapema katika mchezo ule ule. Ngumi haikuzuia gongo.

Kilichonibadilisha mawazo hasa ni habari za Derek Boogaard. Kijana huyu alikuwa na urefu wa kama mita mbili. Katika mechi 277 za NHL alifunga magoli matatu tu, kwa maana hakuajiriwa kufunga. Aliajiriwa kupigana. Alifariki mwezi Mei mwaka 2011, akiwa na umri wa miaka 28, kwa kuchanganya pombe na dawa kali za maumivu. Wataalamu walipoupima ubongo wake, walikuta ugonjwa unaohusishwa na kupigwa kichwani mara kwa mara. Mwaka ule ule ilitangazwa kwamba Bob Probert, mpigani mwingine mashuhuri aliyefariki mwaka 2010, naye alikuwa na ugonjwa huo.

Siku hizi ngumi zimepungua sana. Msimu wa 2008–09 ulikuwa na mapigano zaidi ya 700. Msimu wa 2018–19 hayakufika 300. Mwaka 2023 ligi ya vijana ya Quebec na majimbo jirani iliamua kuwa mpiganaji atolewe mchezoni. Wenzetu wanajifunza, ingawa polepole.

Wahenga walisema fahali wawili wakipigana, ziumiazo ni nyasi. Kule barafuni mambo ni kinyume. Nyasi zimelipa kiingilio, zimekaa vitini zinashangilia. Waumiao ni fahali.

Ndugu zangu, wale wa mwaka wangu mmekwisha kujua ninakoelekea. Bweni letu tulikuwa na fahali wetu. Alikuwa mkimya, mwenye nguvu, na masomo yalimpa taabu. Tukigombana na bweni jingine kwenye foleni ya maji, sisi tuliojiona werevu tulimtuma yeye. Nilimtuma mimi mwenyewe, siku ile tuliyoporwa ndoo, tukiwa Kidato cha Tatu. Alimvunja mtu meno mawili. Alipoulizwa ofisini, hakumtaja aliyemtuma. Alifukuzwa shule, nasi tukamsindikiza hadi barabarani tukimwita shujaa. Kisha tukarudi darasani, tukafanya mitihani yetu, tukafaulu. Mimi nikaenda Kanada. Bweni halikupungukiwa na kitu.

Vijana, mkiwa na mwenzenu wa namna hiyo, mfundisheni hesabu. Msimtume. Na wewe unayetumwa, waangalie wanaokushangilia, ujiulize ni nani kati yao atakayefukuzwa pamoja nawe.

Ndugu Mwenyekiti, jina la ndugu yule limo katika daftari la shule, lakini halimo katika orodha yetu ya wanachama, kwa sababu hakumaliza. Naomba Kamati imtafute, imwalike katika mkutano ujao. Nauli yake nitalipa mimi. Nina neno la kumwambia ambalo nimechelewa mno kulisema.