Dhambi ni ya Nani?



Injili ya Dominika hii ya nne ya Kwaresima yatuweka mbele ya mtu aliyezaliwa kipofu. Wanafunzi wataka kujua dhambi ni ya nani: yake au ya wazazi wake? Bwana akanusha yote mawili.

Swali hilo lasikika hata leo penye msiba wa mtoto mchanga. Mama amemnyonyesha mwanawe, akamlaza akiwa mzima. Alfajiri amkuta amefariki, hana homa wala jeraha. Kabla machozi hayajakauka, minong'ono yaanza: amemlalia, amerogwa. Wengine wakimbilia ramli, na nyumba yagawanyika.

Uchunguzi kamili usipoonyesha sababu, wataalamu hukiita kifo cha ghafla cha mtoto mchanga. Huwapata zaidi watoto wa miezi 2 hadi 4, usingizini. Chanzo chake hakijafahamika kikamilifu, lakini hatari huongezwa na kumlaza mtoto kifudifudi, mito na matandiko laini, joto kupita kiasi na moshi wa tumbaku. Uingereza mwaka 1991, na Marekani mwaka 1994, zilianza kampeni ya kuwahimiza wazazi wawalaze watoto chali. Katika miaka iliyofuata vifo hivyo vilipungua kwa zaidi ya nusu.

Basi, makatekista, wafundisheni wazazi: mtoto alazwe chali kila anapolala, juu ya godoro lisilobonyea, bila mto, karibu na mama lakini mahali pake mwenyewe, anyonyeshwe, wala asivutiwe sigara chumbani. Lakini wako waliotimiza hayo yote, na bado wakafiwa. Elimu hii ni ngao ya mtoto aliye hai, si fimbo ya kumpigia mama aliyefiwa.

Na kama mtoto alifariki kabla ya Ubatizo, asiwepo wa kumwambia mama kwamba amepotea. Katekisimu ya mwaka 1992, namba 1261, yatufundisha kumkabidhi kwa huruma ya Mungu na kutumaini kwamba iko njia ya wokovu kwa ajili yake.

Katika jumuiya yenu yumkini yuko mama wa namna hiyo. Mwendeeni juma hili. Msimwulize alimlazaje mtoto. Mwulizeni jina lake, mkae naye, mkasali. Bwana mwenyewe, alipokuwa akielekea kwenye kaburi la Lazaro, alilia kwanza.

Amina.