Taa ya Baiskeli: Bei ya Dukani na Bei ya Usiku Mmoja

Hotuba iliyotolewa na Mkaguzi wa Vyama vya Ushirika katika semina ya makatibu na wajumbe wa bodi za vyama vya msingi



Nilipoulizwa nitazungumzia nini, nikajibu kuwa nitazungumzia taa ya baiskeli, baadhi yenu mlicheka. Mmezoea kumwona mkaguzi akija na maswali ya leja, masurufu na daftari la fedha taslimu. Nawaomba mnivumilie, maana taa hiyo ndogo ilinifunza jambo ambalo leja haikunifunza.

Miaka michache iliyopita nilikagua chama kimoja cha msingi ambacho sitakitaja jina. Wanachama wake wengi hupeleka pamba mizanini kwa baiskeli, na hurudi nyumbani giza limekwisha kuingia. Mkutano mkuu uliamua chama kiwanunulie taa kwa pamoja, kila mmoja akatwe fedha katika malipo yake ya pamba. Uamuzi ulikuwa mzuri. Bodi ilipata bei za wauzaji watatu, ikachagua iliyo ya chini kabisa, na taa 240 zikaletwa. Nilikuta ankara, stakabadhi, hati ya kupokelea mali na kumbukumbu za kikao. Kila jumla ilikubaliana na nyingine. Nikaandika taarifa safi.

Mwaka uliofuata nilirudi. Katika mkutano alisimama mama mmoja mwenye taa mkononi, akasema, "Mkaguzi, ulituandikia kuwa hesabu ni sawa. Na hii je, ni sawa?" Akaibonyeza mara tatu, haikuwaka. Wengine nao wakaanza kutoa zao mifukoni. Nyingi zilikuwa zimekufa kabla mvua za kwanza hazijaisha. Mwanachama mmoja aligongwa na pikipiki usiku akavunjika mguu, baiskeli yake ikiwa na taa isiyowaka. Fedha zilikuwa zimekatwa, na mtu wa kudaiwa hakuwapo, kwa sababu hakuna karatasi iliyosema taa iwe ya namna gani. Tangu siku ile nimejitahidi kujifunza bei ya taa inavyojengwa, na ndiyo ninayotaka kuwaeleza leo.

TAA ZILIKOTOKA

Wazee waliomo humu wanaikumbuka taa ya dainamo, ile chupa ndogo iliyosugua tairi na kuzalisha umeme wa volti 6 na wati 3. Balbu ya mbele ilikula wati 2.4 na ya nyuma 0.6. Ubaya wake ulijulikana. Mwendeshaji akipunguza mwendo mwanga ulififia, akisimama ulizimika, na balbu ya mbele ikiungua, umeme wote ulikwenda nyuma ukaiunguza na ile ndogo. Lakini ilikuwa na fadhila moja kubwa: mwenyewe hakununua betri.

Zamani bidhaa hizo zilitoka zaidi Ulaya, kisha zikaongezeka za Asia. Katika miaka ya uhaba wa fedha za kigeni, balbu moja ilitafutwa kama dawa. Mwaka 1984 serikali ya Tanzania iliruhusu wenye fedha zao za kigeni kuagiza mali, na maduka yakaanza kujaa. Mwaka 1986 thamani ya shilingi ilishushwa. Dola iliyokuwa kama shilingi 17 mwanzoni mwa mwaka ilifika kama 40 katikati ya mwaka huohuo. Tangu hapo kila kiagizwacho kimefuata mwendo wa dola.

Kisha ikaja taa ya diodi, ambayo madukani huitwa LED. Mwaka 1993 Shuji Nakamura wa Japani aliwezesha kuuzwa kwa diodi ya buluu yenye mwanga mkali, na mwaka 1996 diodi nyeupe zikaanza kuuzwa. Kwa kazi ya kuvumbua diodi hiyo ya buluu, yeye pamoja na Isamu Akasaki na Hiroshi Amano walipewa Tuzo ya Nobel ya Fizikia mwaka 2014. Kwa umeme uleule, diodi njema ya leo hutoa mwanga mara kumi au zaidi ya balbu ya waya. Bei yake kiwandani imeporomoka mwaka hadi mwaka, na bei ya betri za lithiamu imeshuka vilevile.

Siku hizi taa nyingi tunazoziona Kariakoo na kwenye maduka ya mikoani hutoka China, ama moja kwa moja, ama kwa kupitia Dubai. Mfanyabiashara husafiri hadi Guangzhou au Yiwu, akaonyeshwa taa za kila daraja, na mwenye kiwanda humwuliza swali moja: unataka ya bei gani? Hapo ndipo ubora wa taa ya mwanachama wetu unapoamuliwa, naye hayupo.

BEI INAVYOJENGWA

Sasa tupige hesabu pamoja. Ni hesabu ya mfano tu, lakini njia yake ndiyo itumikayo. Tuseme taa imenunuliwa kiwandani kwa dola 1. Nauli ya meli na bima ni senti 10 za dola. Bei ya kufika bandarini ni dola 1.10.

Hapo hutozwa ushuru wa forodha. Umoja wa Forodha wa Jumuiya ya Afrika Mashariki ulianza mwaka 2005 ukiwa na ngazi za asilimia 0, 10 na 25. Mwaka 2022 ikaongezwa ngazi ya asilimia 35. Taa za umeme za baiskeli zina fungu lake katika kitabu cha ushuru, namba 8512.10, na tochi za mkononi ziko katika fungu la 8513. Kwa mfano wetu tuchukue asilimia 25. Ushuru ni senti 27 na nusu, jumla dola 1.375. Juu ya jumla hiyo, wala si juu ya bei ya kiwandani, hutozwa Kodi ya Ongezeko la Thamani, ambayo kwa Tanzania Bara kiwango chake cha kawaida ni asilimia 18. Tumefika dola 1.62.

Kwa dola ya shilingi 2,500, hiyo ni kama shilingi 4,060. Weka shilingi 300 za wakala wa forodha na lori. Mwenye duka la jumla aongeze asilimia 15, wa rejareja asilimia 20. Taa ya dola moja, yaani shilingi 2,500, inauzwa dukani kama shilingi 6,000.

Sasa tazameni jambo hili. Mfanyabiashara akimwambia mwenye kiwanda ampunguzie senti 20, mwenye kiwanda hakatai. Huondoa kirezista kinachoizuia diodi isipate joto kupita kiasi, au mpira wa kuzuia maji, au huweka swichi nyembamba. Amepunguza kazi ya shilingi 500. Lakini kwa kuwa ushuru, kodi na faida zote huhesabiwa kwa asilimia juu ya bei ya kwanza, bei ya dukani hushuka kwa kama shilingi 1,000. Taa sasa ni shilingi 5,000, nayo ndiyo itakayoshinda katika zabuni ya chama chetu. Muuzaji hakuvunja sheria yoyote, wala bodi haikula fedha. Ni sisi tuliosema "ya bei ya chini" bila kusema neno la pili.

Kule Ujerumani, taa ya baiskeli isiyo na alama ya kuonyesha kuwa imepimwa na kuidhinishwa hairuhusiwi barabarani. Kwa hiyo anayeagiza kupeleka huko hawezi kumwambia mwenye kiwanda aondoe chochote kile. Kwetu, Shirika la Viwango Tanzania lilianza mwaka 2012 utaratibu wa mali kukaguliwa kabla ya kupakiwa, na hilo limesaidia. Lakini ukaguzi wa serikali hauwezi kuwa macho ya kila chama katika kila katoni.

BEI INAPOPANDA

Makatibu wengi mmeniuliza: ikiwa bei za viwandani zimeshuka, mbona dukani hatuoni? Sababu ziko mbili kubwa.

Ya kwanza ni shilingi. Mwaka 2021 dola ilikuwa kama shilingi 2,300. Mwaka 2024 ilipita 2,600 kabla ya kushuka tena. Katika mfano wetu, tofauti hiyo ya shilingi 300 peke yake inaongeza kama shilingi 670 katika taa moja, bila kiwanda kupandisha kitu.

Ya pili ni nauli ya meli. Mwaka 2019, kabla ya janga la Uviko, wastani wa nauli ya kontena la futi 40 katika njia kuu za dunia ulikuwa chini ya dola 2,000. Mwezi Septemba 2021 ulipita dola 10,000. Nauli ikashuka sana kufikia mwaka 2023, na tangu mwisho wa mwaka huo mashambulizi katika Bahari ya Shamu yalizilazimisha meli nyingi za baina ya Asia na Ulaya kuzunguka Rasi ya Tumaini Jema, nauli ikapanda tena.

Lakini pimeni neno la muuzaji. Kontena likibeba taa 40,000, nauli ya dola 2,000 ni senti 5 kwa taa, na ya dola 10,000 ni senti 25. Ongezeko ni senti 20, ambazo tumekwisha kuona kuwa dukani ni kama shilingi 1,000. Basi muuzaji akipandisha taa kwa shilingi 3,000 na kusema "ni nauli," mwambieni kwa heshima kwamba theluthi moja tu ndiyo nauli, atueleze zilizobaki. Na nauli ikishuka, mwulizeni mbona bei yake haikushuka nayo. Katibu anayejua hesabu hii haibiwi kirahisi.

BEI YA USIKU MMOJA

Ndugu Makatibu, taa hainunuliwi ili ikae. Hununuliwa ili iwake, kwa hiyo tuihesabu kwa usiku. Taa ya shilingi 5,000 ikifa baada ya usiku 50, kila usiku umegharimu shilingi 100. Taa ya shilingi 6,000 ikidumu usiku 300, kila usiku ni shilingi 20. Ile "rahisi" ni ghali mara tano.

Tena msisahau chakula cha taa. Jozi ya mawe ya tochi ikinunuliwa shilingi 2,000 na kuwaka usiku 10, ni shilingi 200 kila usiku. Kwa usiku 300 ni shilingi 60,000. Mkulima analipa taa mara kumi bila kuona. Ndiyo maana penye umeme wa jua taa ya kuchaji yafaa kuliko ya mawe, na pasipo na umeme wowote dainamo yenye balbu ya diodi bado ni ya kufikiriwa. Kila chama kiangalie mazingira ya wanachama wake.

YAFAAYO KUFANYWA

Napendekeza mambo matano, nayo hayahitaji fedha nyingi.

Kwanza, kabla ya kuomba bei, bodi iandike sifa za taa: iwake kwa saa ngapi, izuie maji ya mvua, itumie betri ya aina gani, ifungwe wapi kwenye usukani, na iwe na taa nyekundu ya nyuma.

Pili, kila muuzaji alete sampuli mbili. Moja ipelekwe kwa fundi baiskeli wa kijijini: aiwashe mpaka izime na kuandika saa, aimwagie maji, aifunge kwenye baiskeli na kupita nayo njia mbovu kwa wiki moja. Ya pili itiwe lakiri na kuwekwa katika kasha la chama, iwe shahidi mzigo ukifika.

Tatu, mzigo ukifika, ifunguliwe taa moja katika kila katoni na kulinganishwa na shahidi huyo kabla hati ya kupokelea mali haijatiwa sahihi. Msiamini maandishi ya boksi kuhusu nguvu ya betri. Mara nyingi hutiwa chumvi.

Nne, sehemu ya malipo izuiliwe kwa miezi mitatu, na jambo hilo liandikwe katika mkataba.

Tano, vyama viagize pamoja kwa kupitia Chama Kikuu. Anayenunua taa 240 hupokea alicholetewa, bali anayenunua 10,000 anaweza kumwambia mwagizaji taa anayoitaka.

Na mimi kwa upande wangu nimebadili kazi yangu. Ninapokagua ununuzi wa namna hiyo, baada ya ankara na stakabadhi naomba kuonyeshwa kitu chenyewe, na nauliza wanachama watatu kama bado kinafanya kazi. Yule mama alikuwa na haki. Mkaguzi anayehesabu fedha zilizotoka bila kuangalia kilichoingia amefanya nusu ya kazi. Taarifa yangu ya mwaka ule haiwezi kufutwa, lakini chama kile kilinunua tena mwaka uliofuata kwa utaratibu huu, na nilipopita barabara yao jioni moja ya msimu wa pamba niliona msururu wa taa zikitoka mizanini.

Ndugu Mwenyekiti, sina zaidi. Maswali nitayapokea baada ya chai.